Jukwaa Lililohamia Sebuleni

Mshairi akinyimwa mtambo wa chapa huandika kwa mkono. Akinyimwa karatasi hutunga kichwani, akazihifadhi beti zake moyoni mpaka siku atakapopata sikio la kulighania. Fani yetu ina bahati hiyo: haina mizigo, na aliyeizoea hutembea nayo popote. Lakini mwigizaji akinyimwa jukwaa, amebakiwa na nini? Sauti yake yataka masikio, uso wake wataka macho, na mambo hayo hayawekwi kabatini kama mswada yakangojea zama njema. Miaka yapita, na uzee hauna subira. Mwanamke aliyefungiwa mlango akiwa na miaka 45 hawezi kufunguliwa akiwa na 63 akaambiwa aendelee pale alipoachia.

Swali hili limenishughulisha kwa muda mrefu, na jawabu lake nimelikuta mbali na bahari yetu, katika maisha ya mwigizaji wa Kicheki aitwaye Vlasta Chramostová. Ningependa kumtambulisha kwa wasomaji wa kurasa hizi, kwani naamini wapendao ushairi watamwelewa upesi kuliko wapendao filamu peke yake.

Njia iliyonifikisha kwake ilikuwa njia ya tafsiri. Sikusoma fasihi chuoni. Ujuzi mdogo nilio nao nimeuokota mwenyewe, kwa kamusi na kwa kuweka vitabu viwili ubavu kwa ubavu, asili upande huu na tafsiri upande ule, nikipima neno kwa neno kama sonara na mizani yake. Makbeth, tafsiri ya S. S. Mushi iliyotolewa na Tanzania Publishing House mwaka 1968, ilikuwa miongoni mwa walimu wangu wa mwanzo. Nikaingiwa na hamu ya kujua kila jambo lililoihusu tamthilia hiyo: nani ameifasiri, nani ameicheza, wapi, na kwa nini. Hamu hiyo ikanifikisha kwa Tom Stoppard, mtunzi wa Kiingereza aliyezaliwa Zlín, Chekoslovakia, mwaka 1937 na kufariki dunia mwaka 2025. Mwaka 1979 alitoa tamthilia fupi, Cahoot's Macbeth, ambamo watu wanaicheza Macbeth ndani ya nyumba ya kuishi, na inspekta wa polisi anaingia katikati ya mchezo. Katika maelezo ya utangulizi Stoppard asema kwamba chanzo chake ni jambo lililotukia kweli mjini Prague, na awataja wachezaji. Jina la Chramostová nilikutana nalo hapo. Tangu siku hiyo nimekuwa nikimfuatilia Bi Vlasta kama mtu amfuatiliavyo malenga ambaye diwani yake imetawanyika: kipande hapa, kipande kule.

Alizaliwa Brno, mji wa pili kwa ukubwa katika nchi ya Wacheki, tarehe 17 Novemba 1926. Naomba msomaji aishike tarehe hiyo, kwa maana tutakutana nayo tena. Alijifunza uigizaji katika mji huohuo wa kwao, akaanza kazi katika majumba ya michezo ya mikoani, na mwaka 1950 akaingia katika Jumba la Vinohrady mjini Prague, moja ya majumba makubwa ya nchi. Mwaka huohuo alionekana katika filamu ya Past, maana yake Mtego, iliyoongozwa na Martin Frič. Humo alikuwa mwanamke wa harakati za siri dhidi ya Wanazi. Wakomunisti walikuwa wameshika dola tangu Februari 1948, na filamu ya namna hiyo ndiyo waliyoipenda. Kwa hiyo Bi Vlasta alianza safari yake akiwa kipenzi cha zama. Hilo ni muhimu kulijua, kwani wako wanaodhani kwamba mtu mkaidi huzaliwa na ukaidi wake.

Mwaka 1963 alipata ajali ya gari. Yeye aliumia, na mwanawe akafa. Sina maneno ya kuongeza hapo, ila kwamba alirudi jukwaani.

Filamu iliyompa jina la kudumu ilitoka mwaka 1969: Spalovač mrtvol, yaani Mchoma Maiti, iliyoongozwa na Juraj Herz kutokana na riwaya ya Ladislav Fuks ya mwaka 1967. Kisa chake ni cha bwana mmoja, Kopfrkingl, mfanyakazi wa nyumba ya kuchomea maiti mjini Prague mwishoni mwa miaka ya 1930. Ni mtu nadhifu, mpole, mpenda muziki, asiyekunywa wala kuvuta. Wanazi wanapokaribia, rafiki yake anamnong'oneza kwamba mke wake ana damu ya Kiyahudi, na kwamba damu hiyo itamzuia kupanda cheo. Bwana huyo anamnyonga mkewe katika bafu la nyumbani kwao, kwa upole uleule aliozungumza nao tangu mwanzo.

Bi Vlasta ndiye mke. Rudolf Hrušínský, aliyecheza nafasi ya mume, anazungumza karibu filamu nzima, kwa sauti laini kama mafuta. Mke amepewa maneno machache mno. Kazi yake ni kusikiliza. Nimewahi kuwaambia vijana wanaojifunza kughani kwamba kusikiliza nako ni kughani, na asiyeamini aitazame filamu hii. Katika uso wa mke yule mtu aona jinsi neno tamu linavyogeuka sumu kabla msemaji mwenyewe hajajua anakoelekea. Katika filamu hiyohiyo anacheza pia kahaba anayeendewa na bwana yule, ikawa sura moja imevaa wanawake wawili, naye mume hajui kuwatofautisha kwa lolote. Mpigapicha alikuwa Stanislav Milota, mwenzi wake wa maisha. Lenzi yake inazivuta nyuso na kuzipinda, hata mtazamaji akahisi amekaa karibu mno na mtu asiyemtaka.

Lakini nyakati zilikuwa zimekwisha kugeuka. Usiku wa kuamkia 21 Agosti 1968 majeshi ya Urusi ya Kisovieti na washirika wake yaliingia Chekoslovakia kuyazima mageuzi ya mwaka ule. Januari 1969 mwanafunzi Jan Palach alijitia moto katikati ya Prague kwa kupinga unyonge uliokuwa ukiwaingia watu, na Milota akayapiga picha maziko yake. Mkurugenzi wa Vinohrady, František Pavlíček, aliondolewa, na mwaka 1970 Bi Vlasta naye akaliacha jumba alilolitumikia miaka 20. Akajiunga na Divadlo za branou, jumba dogo la mwongozaji Otomar Krejča. Mwaka 1972 wenye mamlaka wakalifunga. Mchoma Maiti nayo ikatiwa kabatini, isionekane tena hadharani mpaka utawala ule ulipoanguka. Hivyo ndivyo mwanamke yule alivyonyimwa jukwaa, kiwamba, redio na televisheni, akiwa katika umri ambao mwigizaji huwa ndiyo kwanza amekomaa.

Wahenga walisema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Mwaka 1976 Bi Vlasta aliufungua mlango wa nyumba yake. Sebule ikawa jukwaa. Wageni wakawa wachache kadiri chumba kilivyoweza kubeba. Hapakuwa na tangazo wala tiketi, mtu alialikwa kwa mdomo. Kitu cha kwanza alichokisoma mbele yao kilikuwa kumbukumbu za mshairi Jaroslav Seifert, Uzuri Wote wa Dunia, maandishi ambayo serikali ilikuwa bado haijaruhusu yachapwe. Seifert aliyazungumzia ndani yake maisha yake na marafiki zake washairi, wengi wao wakiwa wamekwisha kufa. Miaka 8 baadaye, 1984, alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya fasihi. Nami hujiuliza: katika waliompongeza mwaka ule, wangapi waliwahi kuyasikia maneno yake yakitoka katika kinywa cha mtu, chumbani, wakati mshairi mwenyewe alipokuwa akipitwa kama hayupo? Walioketi sebuleni kwa Bi Vlasta waliyasikia.

Januari 1977 ilitolewa Hati ya 77, waraka uliowataka watawala waheshimu haki ambazo wao wenyewe walikuwa wametia saini kuziheshimu. Bi Vlasta alikuwa miongoni mwa waliotia saini za mwanzo, pamoja na Václav Havel, Seifert na wengineo. Jibu la watawala lilipangwa kwa ufundi. Tarehe 28 Januari waliwakusanya wasanii katika Jumba la Taifa mjini Prague, mbele ya kamera za televisheni, nao wakatia saini tamko la kuipinga Hati ambayo wengi wao hawakupata kuisoma. Waigizaji maarufu, waimbaji, watu waliopendwa na nchi nzima, walipanga foleni. Naomba msomaji asiwahukumu kwa haraka. Kila mmoja alikuwa na watoto, na nyumba, na jukwaa asilotaka kulipoteza. Nakumbusha tu kwamba siku ile jumba kubwa kuliko yote lilijaa watu wenye sauti nzuri, na neno la kweli lilikuwa limekwisha kuhamia vyumbani.

Hapa ndipo Makbeth anapoingia. Mwaka 1978 mwandishi Pavel Kohout, naye akiwa amepigwa marufuku, aliifupisha tamthilia ya Shakespeare ili ichezwe na watu 5 tu. Macbeth akawa Pavel Landovský, mwigizaji mwingine aliyefungiwa. Lady Macbeth akawa Bi Vlasta. Katika barua aliyomwandikia Stoppard, Kohout aliueleza utaratibu wao: yeyote aliyetaka kuwa na Macbeth nyumbani kwake aliweza kuwaalika rafiki zake na kuwaita wachezaji, nao wakaja wote 5 na sanduku moja. Sanduku moja! Mimi niliyezoea kuona mashairi yakisafiri bila mzigo nilifurahi niliposoma hayo. Mwigizaji naye alikuwa amejifunza kusafiri kama mshairi.

Kama mfasiri, kuna jambo hapa ambalo sijaacha kulitafakari. Sisi tunaofasiri twaamini kwamba maana hubadilika pale maneno yanapobadilika. Ndiyo sababu twakesha tukitafuta neno lililo sawa. Lakini katika vyumba vile vya Prague maneno yalikuwa ya tamthilia ileile ya karne na karne, na maana ikawa mpya. Mfalme aliyepata kiti kwa damu, wapelelezi katika kila nyumba ya mkubwa, marafiki wanaokimbilia nchi jirani, mgeni anayebisha hodi usiku: hakuna aliyehitaji kufafanuliwa. Mlango ulipobishwa katika mchezo, kila aliyeketi alikuwa na sababu ya kuutazama mlango halisi wa nyumba. Polisi waliwaandama wachezaji na waalikwa wao. Stoppard alilidaka hilo kwa akili: katika tamthilia yake wachezaji wanahamia lugha ya kubuni ambayo inspekta haielewi, na mchezo unaendelea mbele ya macho yake.

Wachezaji wenyewe walitawanywa. Kohout alivuliwa uraia mwaka 1979 na kubaki Austria. Landovský naye akaishia Vienna. Bi Vlasta alibaki. Mwaka uleule alicheza kazi nyingine ya sebuleni, Taarifa ya Mazishi katika Nchi ya Wacheki, iliyomhusu Božena Němcová, mwandishi wa kike wa karne ya 19 aliyeandika riwaya ya Babička, maana yake Bibi, mwaka 1855, kisha akafa katika ufukara mwaka 1862. Aliyeiandika kazi hiyo ni Pavlíček, yuleyule mkurugenzi aliyefukuzwa Vinohrady. Inafaa kueleza kwamba Pavlíček ndiye pia aliyeandika mswada wa filamu ya ngano iitwayo Njugu Tatu za Cinderella, ya mwaka 1973, kutokana na hadithi ya Němcová. Kwa kuwa jina lake lilikuwa haramu, filamu ilitoka kwa jina la mtu mwingine. Watoto wa Ulaya nzima wameipenda. Kalamu ileile iliwafurahisha watoto kwa jina la kuazima, na kuwaliza watu wazima chumbani bila jina.

Tarehe 17 Novemba 1989 wanafunzi waliandamana mjini Prague, polisi wakawapiga, na kutoka hapo utawala ule ukaporomoka katika muda wa wiki chache. Siku ile Bi Vlasta alikuwa akitimiza miaka 63. Havel akawa rais kabla ya mwaka kwisha, na Milota akafanya kazi pamoja naye katika miezi ya mwanzo. Bi Vlasta alirudi jukwaani, na jukwaa lenyewe likawa la Jumba la Taifa, lilelile lililoshuhudia foleni ya mwaka 1977. Alionekana tena katika filamu, miongoni mwazo Je třeba zabít Sekala ya mwaka 1998, na Odcházení, filamu pekee aliyoiongoza Havel mwenyewe, mwaka 2011.

Laiti kisa kingekomea hapo, kingekuwa utenzi wa shujaa, nami ningekuwa na haja ndogo ya kukiandika. Lakini mwaka 1999 Bi Vlasta alitoa kitabu cha maisha yake, na humo akaeleza kwamba katika miaka ya 1950 aliwahi kukubali kushirikiana na polisi wa siri. Watu walikuwa wamekwisha kumweka mahali pa juu, na yeye mwenyewe akawapa sababu ya kumshusha.

Katika mabaraza yetu ya ushairi kuna mjadala usiokwisha. Malenga aliyewahi kuiuza kalamu yake kwa kumpendeza mkubwa, asomwe au afungiwe? Nimewasikia wenzangu wakitoa hukumu kali, nami nimewahi kukaa kimya kwa sababu nawaelewa: neno letu ndiyo mali yetu pekee, na anayelitia doa ametutia doa sote. Lakini tangu nimfahamu Bi Vlasta, ukali huo haunikai sawasawa. Kama angehukumiwa kwa saini yake ya miaka ya 1950, ile ya 1977 isingekuwako. Na kama angesifiwa kwa saini ya 1977 peke yake, tungesifu sanamu. Aliyekataa kupanga foleni mwaka ule hakuwa mtu asiyeijua hofu. Alikuwa mtu aliyewahi kuitii, akaijua ladha yake, na mara ya pili akaitema.

Nirudi kwa Lady Macbeth. Kila mpenzi wa tamthilia anaijua sehemu ambapo mwanamke yule anatembea usingizini akiisugua mikono yake, na doa halitoki. Ni sehemu ambayo nimeihangaikia sana katika kujifunza kwangu, nikijaribu neno hili na lile. Kabla yake kuna sehemu ambapo anasema kwamba amepata kunyonyesha mtoto na anayajua mapenzi yake. Nafikiri juu ya mama aliyempoteza mwanawe mwaka 1963, na mtu aliyelibeba jina lake katika jalada la polisi, akiyatamka maneno hayo mwaka 1978, hatua chache tu kutoka kwa wasikilizaji. Waliokuwapo walijua kuhusu nchi yao. Kuhusu jalada hawakujua. Yeye alijua. Sidai kwamba najua yaliyokuwa moyoni mwake. Lakini najua kwamba tafsiri nzuri haitoki katika kamusi peke yake, na nadhani uigizaji nao ni hivyo.

Tofauti ya Lady Macbeth na Bi Vlasta ni hii: yule aliisugua mikono yake gizani, akafa nayo, huyu aliikunjua mchana, katika kitabu chenye jina lake, akiwa na miaka zaidi ya 70 na bila wa kumlazimisha. Mimi naliona tendo hilo kuwa kubwa sawa na kile kitendo cha kuufungua mlango wa nyumba. Mara zote mbili aliwaruhusu watu waingie mahali ambapo wengi wetu hupafunga.

Milota alifariki Februari 2019, naye akamfuata tarehe 6 Oktoba mwaka huohuo, akiwa na miaka 92. Ya sebuleni yamebaki kwa waliokuwapo na katika kumbukumbu chache zilizorekodiwa. Mchoma Maiti, hata hivyo, yapatikana. Atakayebahatika kuiona asishughulike sana na maneno ya mume, ingawa ndiyo mengi na ndiyo matamu. Amtazame mke anavyosikiliza.